Neno Lina Saa Yake: Kuyasoma Mapambano ya Magic: The Gathering

Tuseme mpinzani wako amebakiwa na uhai 4. Unashambulia kwa kiumbe wa 5/5 mwenye mkanyago, na shingoni umemvika Basilisk Collar, kifaa kinachompa anayekivaa mguso wa mauti pamoja na kiungo cha uhai. Mpinzani anamweka mbele kiumbe wa 2/8, akijua kwamba madhara 5 hayaufikii uhimili wa 8. Kumbe mchezo umeshakwisha. Madhara 1 yanatosha kumuua huyo mlinzi, 4 yaliyobaki yanampita na kumwangukia mpinzani mwenyewe, nawe unaongezewa uhai 5.

Wapo wachezaji ambao wangelikosa pigo hilo ilhali maneno yote matatu wanayajua vizuri, kila moja peke yake. Ni kama kwenye karata za turufu: kuijua thamani ya karata uliyoshika ni jambo moja, kujua wakati wa kuitupa ni jambo jingine kabisa. Makala hii ni ya hao wenye maneno mkononi na bado wanasitasita yanapokutana mezani.

Magic: The Gathering ilitoka mwaka 1993, ikiwa kazi ya Richard Garfield, na hadi leo inachapishwa na Wizards of the Coast. Katika mchezo wa kawaida wa watu wawili kila mmoja anaanza na uhai 20, na njia iliyozoeleka ya kuumaliza uhai wa mwenzako ni kuwatuma viumbe wako wamshambulie. Karata ya kiumbe ina namba mbili kwenye kona ya chini kulia. Ya kwanza ni nguvu, yaani madhara anayotoa. Ya pili ni uhimili, yaani madhara yanayotosha kumuua ndani ya zamu moja. Juu ya namba hizo kuna maneno mafupi ya uwezo, na ndiyo tutakayoyashughulikia. Karata hazichapishwi kwa Kiswahili, kwa hiyo kila neno nitalitaja mara moja kama linavyosomeka kwenye karata, kisha nitaendelea na Kiswahili. Yale matatu ya mwanzo ni haya: mkanyago ni trample, mguso wa mauti ni deathtouch, kiungo cha uhai ni lifelink.

Ushauri wangu mkubwa ni kwamba usikariri jozi za maneno. Maneno yenyewe si mengi, lakini ukianza kuyapanga mawili mawili na matatu matatu, hutamaliza. Badala yake, kila unapoona neno jiulize linafanya kazi saa gani ya pambano. Neno likishapewa saa yake, halikutatizi tena, na maneno mawili yenye saa tofauti hayawezi kugongana hata yakiwa kwenye karata moja.

Saa zenyewe ni tano. Kuna mwanzo wa pambano, ambapo hakuna anayeshambulia bado. Kuna kutangaza washambuliaji. Kuna kutangaza walinzi, yaani viumbe watakaozuia. Kuna madhara. Halafu kuna mwisho wa pambano. Katikati ya hatua hizi wachezaji wote wawili wanapata nafasi ya kutumia karata za papo kwa papo, zile zinazoweza kutolewa hata katika zamu ya mwenzako. Hatua ya madhara kwa kawaida ni moja tu. Inakuwa mbili pale ambapo mshambuliaji au mlinzi yeyote ana pigo la kwanza, first strike, au mapigo mawili, double strike.

Saa ya kutangaza washambuliaji haina mengi. Kiumbe wa kawaida hawezi kushambulia katika zamu aliyoingia. Mwenye haraka, haste, anaweza. Kiumbe wa kawaida analazwa ubavu anaposhambulia, na aliyelala hawezi kuzuia zamu ya mpinzani ikifika. Mwenye kukesha, vigilance, anashambulia akiwa amesimama na anabaki kuwa mlinzi wako. Maneno hayo mawili yakishapita hapo hayana kazi tena katika pambano hilo. Kumpa kiumbe kukesha baada ya kuwa amekwisha lala hakumwinui.

Saa ya walinzi inahitaji utulivu zaidi. Hapa ndipo kuruka, flying, kunapopimwa: anayeruka anazuiwa na anayeruka mwenzake au na mwenye mkono mrefu, reach, kama Giant Spider, yule buibui wa 2/4 aliyekuwemo tangu seti ya kwanza. Hapa ndipo kitisho, menace, kinapopimwa pia: mwenye kitisho hazuiwi ila na viumbe wawili au zaidi. Ukikutana na kiumbe mwenye kuruka na kitisho kwa pamoja, timiza masharti yote mawili. Unahitaji walinzi wawili, na kila mmoja wao awe anaweza kumzuia anayeruka. Mmoja anayeruka na mwingine wa ardhini hawatoshi.

Jambo la kushika sana ni kwamba vipimo hivi hufanyika mara moja tu, pale walinzi wanapotangazwa. Baada ya hapo kuruka kunakuwa pambo. Mpinzani akishamzuia kiumbe wako wa ardhini, kumpa kiumbe huyo mabawa hakumtoi mikononi mwa mlinzi. Vivyo hivyo mpinzani akiwa na walinzi wawili wa kuweza kumzuia mwenye kitisho, ukamuua mmoja kabla hawajatangazwa, mwenye kitisho anapita bila kuguswa. Ukisubiri hadi wamtangaze wote wawili ndipo umuue mmoja, umechelewa. Bado amezuiwa na yule aliyebaki, na hakuna wa kusema kwamba masharti ya kitisho yamevunjika.

Hapo tunafika kwenye kanuni ninayoiona kuwa nguzo ya mapambano yote ya mchezo huu: aliyezuiwa amezuiwa. Kiumbe akishatangaziwa mlinzi, hali hiyo inamganda hadi pambano liishe, hata mlinzi akifa, akirudishwa mkononi, au akitoweka kwa namna nyingine. Mpinzani akizuia kwa kiumbe mdogo kisha akamtoa kafara kabla ya madhara, mshambuliaji wako wa 7/7 hampigi mtu yeyote. Wengi huona ni dhuluma. Lakini ukiielewa unaitumia: kiumbe wako aliyekwisha hukumiwa kufa anaweza kuzuia kwanza, kisha ndipo ukamtoa kafara kwa faida nyingine, na umeokoa uhai wako bure.

Mwenye mkanyago peke yake, kati ya maneno tunayoyazungumza, ndiye anayeponyoka hapo. Walinzi wake wote wakiondolewa kabla ya madhara, madhara yake yote yanamwendea mchezaji anayeshambuliwa. Kwa hiyo ile mbinu ya kuzuia kisha kutoa kafara usiijaribu mbele ya Colossal Dreadmaw, yule dinosaria wa 6/6 mwenye mkanyago. Utakuwa umempunguzia kazi.

Sasa tuingie kwenye saa ya madhara, ambako maneno yanakutana kweli kweli. Pigo la kwanza na mapigo mawili yanajibu swali la lini. Mguso wa mauti unajibu kiasi gani kinatosha kuua. Mkanyago unajibu ziada inakwenda wapi. Kiungo cha uhai kinajibu mwenye kiumbe anarudishiwa nini. Ni maswali tofauti, ndiyo maana majibu yanakaa pamoja kwenye kiumbe mmoja bila kugombana. Ule ushindi wa mwanzo wa makala si hila wala siri ya wabobezi: mkanyago unasema mpe mlinzi kiasi cha kumuua kisha ziada ipite, mguso wa mauti unasema kiasi cha kumuua ni 1.

Tuanze na lini. White Knight ni wa 2/2 mwenye pigo la kwanza. Typhoid Rats ni panya wa 1/1 mwenye mguso wa mauti. Panya huyo, kwa gharama ya mana moja tu (mana ndiyo inayolipia karata), anaweza kumuua jitu la 10/10 lisilo na kinga yoyote, na kwa sababu hiyo hakuna anayependa kushambulia mahali alipo. Lakini mbele ya mwenye pigo la kwanza hana kitu: hatua ya kwanza ya madhara inafika, panya anapigwa 2, anakufa, na hatua ya pili inamkuta kaburini bila kung'ata. Kumbuka hilo kila unapomwogopa mwenye mguso wa mauti. Mguso ni mkali, ila lazima kwanza aguse.

Maneno hayo mawili yakikaa kwa kiumbe mmoja, kama alivyo Glissa, the Traitor, wa 3/3, pambano la ana kwa ana linakuwa karibu haliwezekani. Anayekutana naye anakufa kabla ya kujibu, haidhuru ana uhimili kiasi gani. Wa kumfaa ni mwenye pigo la kwanza au mapigo mawili vilevile, maana hao wanapiga wakati mmoja naye, au asiyeangamia, indestructible.

Mapigo mawili ni kupiga katika hatua ya kwanza na tena katika ya pili. Hapa kuna kosa ninaloliona mara nyingi: mtu ana kiumbe wa 4/4 mwenye mapigo mawili, anazuiwa na wa 3/3, anamuua katika hatua ya kwanza, kisha anadai madhara 4 ya hatua ya pili yamwendee mpinzani. Hapana. Aliyezuiwa amezuiwa, pigo la pili linapotea hewani. Mpe kiumbe huyohuyo mkanyago, mambo yanageuka. Hatua ya kwanza: 3 kwa mlinzi, 1 kwa mpinzani. Hatua ya pili mlinzi hayupo, 4 zote kwa mpinzani. Jumla amekula 5, na kiumbe wako hakuguswa.

Na mlinzi asipokufa mara moja? Mshambuliaji wa 3/3 mwenye mapigo mawili na mkanyago anazuiwa na wa 2/5. Hatua ya kwanza, 3 zote zinaishia kwa mlinzi. Hatua ya pili, mlinzi amebakiza 2 tu za kumuua, kwa sababu majeraha ya hatua ya kwanza bado anayo, kwa hiyo unampa 2 na 1 inapita. Katika kugawa madhara ya mkanyago, kila mara hesabu kilichobaki, usihesabu namba iliyochapishwa.

Mwenye mapigo mawili ndiye wa kumwekea karata ya kuongeza nguvu, mradi uitoe mapema. Boros Swiftblade ni mdogo, 1/2. Ukimpa Giant Growth, ile ya mana moja inayoongeza +3/+3, kabla ya hatua ya kwanza ya madhara na hakuna aliyemzuia, anapiga 4 na 4. Ukiitoa kati ya hatua mbili anapiga 1 na 4. Karata moja, mana moja, tofauti ya madhara 3.

Na kwa wanaopenda kutoa pigo la kwanza kwa karata ya papo kwa papo: litoe kabla ya hatua ya kwanza. Ukimpa kiumbe pigo la kwanza hatua ya kwanza ikiwa imekwisha pita, atapiga katika hatua ya pili kama asingepewa kitu. Aliyekwisha piga kwa pigo la kwanza kisha akapoteza uwezo huo, hapigi tena.

Mguso wa mauti una tabia mbili za kuzijua. Kwanza, ni kiasi chochote cha madhara kinachozidi sifuri. Kiumbe wa 3/3 mwenye mguso huo akizuiwa na watatu, anaweza kuwaua wote watatu kwa 1 kila mmoja. Lakini aliyepunguzwa nguvu hadi 0 hamdhuru hata sisimizi. Pili, mguso unaua kwa kuangamiza, kwa hiyo asiyeangamia haumuui. Hapa ndipo panapotokea jambo linalowashangaza hata wazoefu. Kiumbe wako wa 5/5 mwenye mkanyago na mguso wa mauti anazuiwa na Darksteel Colossus, jitu la chuma la 11/11 lisiloangamia. Unalazimika kulipa jitu hilo kiasi gani? Ni 1 tu. Kanuni inauliza kiasi kinachohesabiwa kuwa cha kuua, haiulizi kama mlinzi atakufa kweli. Jitu linabaki limesimama, na 4 zinapita.

Kinga dhidi ya rangi, protection, inakwenda kwa mantiki hiyohiyo. White Knight ana kinga dhidi ya weusi. Akimzuia kiumbe mweusi mwenye mkanyago, madhara anayopangiwa yanafutwa na hadhuriki. Hata hivyo mshambuliaji anampangia 2 tu, zinazotosha uhimili wake, na ziada inapita kama kawaida. Kinga inamlinda yeye, haimlindi bwana wake aliye nyuma. Na kama mshambuliaji huyo ana kiungo cha uhai, zile 2 zilizofutwa hazimletei mwenyewe uhai wowote, maana kiungo kinahesabu madhara yaliyotokea kweli.

Kiungo cha uhai hakingoji. Uhai unaongezeka palepale madhara yanapotoka, na kanuni inaangalia nani amekufa baadaye. Fanya hesabu hii kwa utulivu, kwa sababu inaokoa michezo. Una uhai 3. Mpinzani anakushambulia kwa viumbe wawili, mmoja wa 5/5 na mwingine wa 2/2. Unamzuia yule wa 2/2 kwa kiumbe wako wa 4/4 mwenye kiungo cha uhai. Unapokea 5, na papo hapo unapata 4. Tatu kutoa tano kuongeza nne ni mbili. U hai. Sasa badilisha kitu kimoja: yule wa 5/5 awe na pigo la kwanza. Anakupiga katika hatua ya kwanza, kiumbe wako hajapiga bado, unafika chini ya sifuri, umekufa. Hakuna namba iliyobadilika hapo, imebadilika saa. Fahamu pia kwamba kiungo kinahesabu madhara yote yaliyotolewa, hata yale yanayozidi uhimili wa aliyepigwa, na kwamba kuwa na viungo viwili kwenye kiumbe mmoja hakuongezi chochote.

Ili uone maneno haya yanavyobadilisha thamani ya karata, waweke mezani malaika wawili, wote wa mana tano. Serra Angel ni wa 4/4, anaruka na kukesha. Baneslayer Angel ni wa 5/5, anaruka, ana pigo la kwanza na kiungo cha uhai, pamoja na kinga dhidi ya mashetani na madragoni. Mbele yao simamisha Vampire Nighthawk, wa mana tatu tu, 2/3, anayeruka, mwenye mguso wa mauti na kiungo cha uhai.

Serra Angel akishambulia, Nighthawk anamzuia, wanakufa wote, na mwenye Nighthawk anapata uhai 2. Umebadilisha karata ya mana tano kwa ya mana tatu. Nighthawk akishambulia, Serra Angel akizuia yanatokea yaleyale. Kwa hiyo mara nyingi malaika huyo anakaa tu, na yule mdogo anakuja kila zamu kuchukua 2 na kumpelekea bwana wake 2. Mguso wa mauti hufanya kazi yake kubwa kwa namna hiyo, kwa kuzuia watu wasizuie. Sasa mwondoe Serra, umweke Baneslayer. Nighthawk akithubutu kumzuia, hatua ya kwanza inamchukua, na wewe unapata 5. Akishambulia, Baneslayer anazuia na matokeo ni hayohayo. Ukiwa na Serra Angel mezani na karata ya papo kwa papo ya kutoa pigo la kwanza mkononi, basi kwa pambano moja unaweza kumfanya afanane na mwenzake, ilimradi usubiri mpinzani azuie kwanza.

Hilo la kusubiri ndilo ningependa likae mikononi mwako. Karata za kuongeza nguvu na za kutoa uwezo wa madhara zitolewe baada ya walinzi kutangazwa, kabla ya madhara. Ukitoa Giant Growth kabla ya hapo, mpinzani anaona namba mpya na anachagua kutozuia, au anazuia kwa kiumbe asiyemjali. Zinazotangulia ni zile za saa ya walinzi pekee: kutoa kuruka, kutoa kitisho, kumwondoa mlinzi mtarajiwa. Kwa hiyo kabla hujaitoa karata, iulize ni ya saa gani.

Kwa upande wa ulinzi kuna badiliko ambalo baadhi ya wachezaji wa siku nyingi bado hawajalizoea. Zamani mshambuliaji aliyezuiwa na walinzi wawili alipanga foleni yao, na hakuruhusiwa kumgusa wa pili kabla ya kumpa wa kwanza kiasi cha kumuua. Tangu kanuni zilizokuja na seti ya Foundations, Novemba 2024, foleni imeondolewa. Mshambuliaji anagawa madhara apendavyo wakati madhara yanapotolewa. Tuseme wa 4/4 anazuiwa na wa 3/3 na wa 2/2. Zamani mshambuliaji akimtanguliza wa 3/3 kwenye foleni, mlinzi alimpa huyo Giant Growth akawa 6/6, madhara yote 4 yakaishia kwake, na hakufa mtu upande wa ulinzi. Sasa mshambuliaji anauona ujanja huo, anazielekeza 4 zake kwa yule mdogo, na anakufa akiwa ameondoka na mtu. Kuzuia wawili kwa mmoja bado kunafaa, ila usimweke mlinzi wa pili usiyekuwa tayari kumpoteza. Kwa maoni yangu badiliko hili ni jema, hasa kwa wanaojifunza, kwa kuwa foleni ile iliwachanganya wengi. Mwenye mkanyago peke yake bado anabanwa: lazima kila mlinzi apangiwe kiasi cha kuua kabla ya chochote kumpita kwenda kwa mchezaji.

Kwa sababu hiyo angalia tarehe ya maelezo unayoyasoma kwenye intaneti. Kanuni za seti ya Magic 2010, zilizoanza kutumika Julai 2009, ziligeuza mambo mengi ya madhara. Kabla ya hapo kiungo cha uhai kilisubiri, na mtu aliweza kufa uhai wake ukiwa njiani. Mguso wa mauti nao umerekebishwa tangu ulipopewa jina mwaka 2007. Maelezo ya mwaka 2008 yanaweza kuwa yameandikwa vizuri sana na yakakupoteza kabisa.

Unapocheza ana kwa ana, sema hatua kwa sauti: nashambulia kwa huyu na huyu, unazuia, umemaliza kuzuia, twende kwenye madhara ya kwanza. Ugomvi mwingi wa mezani hutokana na mmoja kudhani bado ni saa ya walinzi ilhali mwenzake ameshaanza kuhesabu madhara. Ukicheza kwa simu au kompyuta kupitia Magic Arena, programu inafuata kanuni yenyewe, lakini inapenda kuruka hatua ikiona huna la kufanya. Jifunze kuweka kituo kwenye hatua unayoitaka, hasa kabla ya madhara, la sivyo utajikuta na karata nzuri mkononi na pambano limeshapita.

Kanuni kamili zinatolewa bure na Wizards of the Coast kwenye tovuti yao. Pambano liko kanuni ya 506 hadi 511, na maneno ya uwezo yako ya 702: mguso wa mauti ni 702.2, mapigo mawili 702.4, pigo la kwanza 702.7, kiungo cha uhai 702.15, mkanyago 702.19. Kila kimoja hakizidi ukurasa. Anza na 510, ile ya madhara, kabla hujacheza tena.